Hilda wa Trei: Chai ya Moto kwa Kapteni

Aubrey Fenwick ameruka. Hapo ndipo tulipoachana, wewe ukiwa na gazeti mkononi, Hilda Openshaw akiwa na trei mkononi, na Uingereza nzima imekaa mbele ya televisheni inasubiri.

Kwa yule ambaye gazeti la wiki jana lilifungiwa vitumbua kabla hajalisoma, mambo ni haya.

Ni mwaka 1956, Jumapili jioni, mjini Manchester. Studio ni kanisa la zamani mtaa wa Ardwick. Viti vya waumini vimeng'olewa, kamera zimeingia. Mchezo unaitwa Ngazi za Thornley, na unakwenda hewani papo hapo unapochezwa. Hakuna kukata, hakuna kurudia. Ukipiga chafya, nchi nzima imepiga chafya nawe.

Hilda ni mwigizaji wa pembeni. Filamu amecheza, televisheni amecheza, na kote huko amefungua milango, amepokea makoti, amesema "Inspekta amefika, Bibi" na kutoka zake. Akienda sokoni watu humkazia macho. "Wewe nimekuona wapi? Si yule wa duka la samaki la Bury?" Hilda hujibu ndiyo, maana ndiyo njia fupi.

Leo amepewa hotuba. Ukurasa mzima, wa kwanza katika maisha yake. Anacheza Annie, mtumishi wa nyumba ya Thornley, anayetia chai bila kufungua mdomo mpaka onyesho la katikati. Hapo anaweka buli chini na kumwambia Kapteni Gerald kwamba alimsikia ngazini usiku ule baba mtu alipoanguka na kufa. Kapteni anakana. Onyesho la mwisho ndipo anapokiri mbele ya mkewe na kutoka nje kwenye theluji. Basi.

Na kule juu, kwenye chumba cha vioo, ameketi Bwana Ludlow, mtengeneza filamu kutoka London. Anatafuta mwanamke wa filamu yake mpya, mwanamke atakayeonekana tangu mwanzo hadi mwisho. Amekuja kumtazama Hilda katika hotuba ile, na si kingine. Mtu mwenyewe wa ajabu. Ukimwita kwa nyuma hageuki, ukisema naye anakutazama mdomo kama vile anakudai meno. Wafanyakazi wa studio walishaamua kwamba anajivuna.

Sasa, Kapteni anachezwa na Aubrey Fenwick, mwanamume ambaye picha yake imo ndani ya makabati ya wanawake wengi walioolewa. Na mwandishi wa mchezo, Mungu amsamehe, alimpa Kapteni maneno yaleyale mara mbili: "Fungeni mlango huo, baridi inaingia." Onyesho la kwanza anayasema, kisha anauliza habari za farasi. Onyesho la mwisho anayasema, kisha anaungama.

Aubrey aliyasema katika onyesho la kwanza. Hakuuliza habari za farasi. Alimgeukia mkewe wa mchezo, Daphne Kerrigan, akasema: "Keti, Margaret. Nina neno la kukuungamia."

Ameruka mchezo mzima. Akishakiri mwenyewe, Annie atamshtaki kwa lipi?

Hilda aliyasikia maneno hayo akiwa nyuma ya mlango wa mbao. Trei haikutikisika, maana trei ni kazi yake.

Ndani, Daphne aliketi. Angefanya nini tena? Alikuwa na uso wa mgeni aliyeingia harusi siyo.

"Kuungama," alisema, akilivuta neno kama mpira. "Kuungama jambo gani hasa, Gerald? Mbona yako mengi."

Huyo Daphne ana akili. Alikuwa anamnunulia mwenzake muda.

Kule juu mwongozaji, Desmond Pargeter, alikuwa ameshika nywele zake, zile chache.

"Yuko ukurasa gani?"

"Wa mwisho, bwana," alijibu katibu wake.

"Wa mwisho wa nini?"

"Wa mchezo, bwana."

Desmond alifumba macho, akayafumbua, na mchezo ulikuwa bado uko ukurasa wa mwisho. Akakishika kipaza sauti. "Peggy, unanisikia? Tunakwenda naye. Mwache akiri, atoke na theluji yake, tufunge. Muda uliobaki tutawawekea watu ile filamu ya bata wakiogelea."

Peggy Lomax ndiye mkumbushaji. Hukaa kwenye kigoda karibu na kamera, maandishi magotini, vidude vya kusikilizia masikioni, kipaza sauti kidogo cha kusema na chumba cha juu, na mkononi ana kitufe kimoja. Mwigizaji akisahau, Peggy hukibonyeza, na sauti ya studio nzima hukatika hewani. Hapo humtajia mwigizaji maneno yake, kisha hukiachia. Huko majumbani watu hawajui. Hudhani televisheni yao ndiyo mbovu, huipiga kofi, sauti inarudi, nao hujiona mafundi.

Peggy aliisikia amri. Akatazama kwenye upenyo wa mlango, akaliona jicho la Hilda. Wawili hawa wamekula mikate yao pamoja kwenye ngazi za nyuma miaka mingi, na Peggy ameisikia hotuba ile kwa jam na kwa jibini.

Alilitikisia jicho lile kichwa kwa huzuni. Yaani, yamekwisha, mwenzangu.

Jicho likatoweka.

Nyuma ya mandhari, Hilda alikuwa amefika kwenye tangi la chai la mafundi. Buli la trei yake lilikuwa na chai ya mchezo, maji ya kahawia yaliyolala tangu asubuhi. Akayamwaga kwenye ndoo ya mchanga, akafungua bomba la tangi.

"Hilda," alinong'ona Stan, mtunza vyombo. "Hiyo inachemka. Hiyo ni chai ya kweli."

"Naona moshi wake, Stan."

"Na huna zamu ya kuingia. Nimeangalia. Huingii mpaka..."

"Mimi ni mtumishi. Tangu lini mtumishi akaomba zamu ya kuleta chai?"

Stan alifikiri. Alipomaliza, mlango ulishafunguliwa na Hilda alishakuwa hewani.

Kapteni alikuwa amefika pabaya. Alisimama katikati ya sebule, mkono kifuani, sauti imeshuka. "Usiku ule, Margaret. Usiku baba alipoanguka. Mimi ndiye..."

"Chai, Kapteni," alisema Hilda.

Hapa ni lazima uwajue watu hawa. Wanaweza kuwa wanagombea urithi, wanaweza kuwa wanaachana, mmoja ameshashika kisu cha mkate. Chai ikiingia, wote hukaa kimya, hutiliwa, hushukuru, ndipo huendelea kuuana. Hakuna Mwingereza aliyelelewa na mama anayeweza kukiri mauaji huku akiulizwa habari za sukari.

Mama yake Aubrey alikuwa mkali sana.

"Maziwa, Kapteni?"

"Kidogo," alisema Aubrey. Mdomo ulijibu wenyewe.

"Sukari?"

"Vipande viwili. Asante."

Hilda akatia chai mpaka kwenye ukingo, ikabaki kidogo tu kumwagika. Akamkabidhi kikombe na kisahani chake. Na alipokuwa akirudi nyuma, akakisukuma kimeza kidogo kwa kisigino, taratibu, mpaka kikaingia nyuma ya pazia.

Haya, mtazame Kapteni. Ana kikombe kimejaa, kinachemka, na hakuna pa kukiweka. Kunywa hawezi. Kutembea hawezi. Kuweka sakafuni, mbele ya mke, haiwezekani.

Daphne aliuona mtego na akaupenda. "Annie," alisema kwa sauti tamu, "mpe Kapteni na biskuti."

Kapteni akapewa biskuti. Mkono wa pili nao ukafungwa.

Juu kule, Desmond alikuwa amesimama. "Huyu mama anafanya nini?"

"Anatia chai, bwana."

"Naona anatia chai. Chai hiyo haimo."

"Sasa imo, bwana."

"Peggy. Kata sauti. Mtajie Aubrey ukurasa wa mwisho, mstari kwa mstari. Na mwambie Hilda atoke kabla sijashuka mwenyewe."

Peggy akabonyeza kitufe. Sauti ikakatika kutoka Scotland mpaka Cornwall.

Huko Oldham, nyumbani kwa Hilda, mumewe Wilf alikuwa amewakusanya majirani wote sebuleni, wengine wamekalia ndoo. "Imekufa," alisema Wilf. "Hapana, ipige upande," alisema Bwana Hargreaves wa nyumba ya pili, kisha akasimama mwenyewe, maana alikuwa na mkono wa kazi ya makaa. Tutarudi kwa Wilf. Televisheni yake haikurudi.

Studio ilikuwa kimya hewani, lakini picha bado inakwenda. Kwa hiyo wote walitabasamu.

Peggy alisoma mstari mmoja wa ukurasa wa mwisho ili Desmond amsikie. Kisha akaufunika mdomo wa kipaza sauti chake kwa kiganja. "Hilda, mrudishe," alisema. "Fanya upesi."

Hilda alikuwa akimtilia Daphne, mgongo kwa kamera. "Aubrey, mpenzi, umeruka. Mimi sijakushtaki bado. Turudi nyuma. Uliza habari za farasi."

"Farasi gani?"

"Wa marehemu baba yako."

Aubrey alitabasamu kwa watu wa majumbani. Midomo yake ilisogea kidogo tu. "Hilda, sikuruka. Sina maneno. Kichwa kimekuwa kama studio hii, viti vyote vimeng'olewa. Ni tangu Pasaka. Usimwambie mtu."

Kikombe kilianza kulia juu ya kisahani, tri-tri-tri.

Hapo Hilda akasimamisha buli.

Wiki zote za mazoezi alikuwa amemchukia mwanamume huyu. Ndiye aliyemwita Hilda wa trei mbele ya watu, nao wakacheka. Ndiye aliyemfuata Desmond mara tatu kuomba hotuba ya Annie ifupishwe. "Inachosha," alisema. "Nani atasikiliza mtumishi ukurasa mzima?" Hilda alilia chooni siku ile, akatoka, akala mkate wake.

Kumbe mwisho wa hotuba ile Kapteni alikuwa na jibu refu, la kukana kila neno lake. Na Aubrey hakuwa na uwezo wa kulishika. Alikuwa anajiokoa.

Hilda angeweza kumwacha azame. Angeanza hotuba yake kama ilivyo, neno kwa neno, atazamwe na Bwana Ludlow. Aubrey angesimama pale kama nguzo, na nchi nzima ingeona nani anajua kazi na nani hajui. Ingekuwa haki pia.

Kikombe kinalia tri-tri-tri.

"Usitazame kamera," alisema Hilda. "Nitazame mimi usoni. Usiondoe macho hapo. Nitakubeba."

Peggy, kwa kuwa hakuwa na la kufanya tena, akaachia kitufe.

"Kapteni," alisema Annie, na Uingereza ikamsikia, "naomba ruhusa ya kusema."

Daphne aliinua kichwa kama mtu aliyesikia kiti kikizungumza. Vizuri sana. Ndivyo ilivyotakiwa.

Hotuba ile Hilda aliijua kama njia ya kwenda kwake. Ilikuwa imeshonwa vizuri, neno limeshika neno, na uzuri wake ulikuwa kwamba mtumishi asiyesema akianza hasimami. Sasa ilimbidi aipasue mwenyewe. Apasue vipande, na katika kila kipande amwekee Aubrey jibu lake ndani, kama unavyomfichia mgonjwa dawa kwenye uji.

"Kapteni atasema usiku ule alikuwa Harrogate."

"Nilikuwa Harrogate," alisema Aubrey.

"Na kwamba treni ilichelewa kwa sababu ya theluji."

"Ilichelewa. Kwa sababu ya theluji."

"Kapteni alirudi asubuhi, baba ameshalazwa mezani."

"Ameshalazwa."

"Basi viatu nilivyovikuta jikoni alfajiri, vimejaa tope bichi, nikavisugua mimi mwenyewe kwa mikono hii, vilikuwa vya nani?"

Hilda hakuwa amemwekea jibu hapo, maana hapakuwa na jibu la kuweka. Katika maandishi Kapteni hukana kwa maneno mengi. Aubrey aliyatafuta maneno hayo mengi. Macho yalimzunguka Hilda usoni yakiomba. Jasho lilimtoka kwenye nywele. Midomo ilifunguka, ikafunga.

"Kamera ya pili," alinong'ona Desmond kule juu. "Msogelee. Msogelee zaidi. Mungu wangu, mtazameni. Lini alijua kuigiza hivi?"

Mtu ambaye hajui la kusema na mtu mwenye hatia wana uso mmoja. Watu wa majumbani, wale ambao televisheni zao zilipona makofi, waliacha kutafuna.

Hilda alimpa muda, kisha akamwinua. "Nilikuwa nyuma ya mlango wa jikoni. Nilizisikia sauti mbili ngazini. Moja ilisema, 'Hutauza nyumba hii nikiwa hai.' Hiyo ilikuwa ya mzee."

"Ya mzee," alisema Aubrey, taratibu.

"Na ya pili haikusema kitu. Nilisikia pumzi tu. Mtu akilelewa mbele yako, pumzi yake unaijua."

Sasa alikuwa amebakiwa na mstari mmoja. Ule wa mwisho. Kwa ajili ya mstari ule Hilda alikuwa ameikubali kazi yenyewe, na aliusema kila siku akifua, akipiga deki, akipanda basi, mpaka kondakta akamuuliza kama ana tatizo. Ulikuwa hivi: Miaka yote nimewatilia chai nyumba hii, na hakuna hata mmoja aliyewahi kunitazama usoni.

Mstari ambao kila mwanamke aliyewahi kushika trei angeuelewa. Akavuta pumzi auseme.

Na Aubrey Fenwick alikuwa anamtazama usoni. Alikuwa amemshika kwa macho kama mtu aliyeshika ukingo wa boti. Kamera zote zilimwona. Nchi nzima ilimwona.

Mstari ulikuwa uongo sasa. Hausemeki.

Hilda aliumeza. Ulishuka kama fundo la mkate mkavu.

"Leo umenitazama, Kapteni," alisema, polepole kabisa. "Basi sema."

Na jambo hilo moja Aubrey alikuwa nalo. Katika kichwa kile kilichong'olewa viti, kiti hicho kimoja kilikuwa kimebaki.

"Nilimsukuma," alisema. "Margaret. Nilimsukuma baba yangu, na Annie akanisafishia viatu."

Maneno ya viatu hayakuwamo popote. Aliyaokota papo hapo.

Kisha akageuka kwenda mlangoni, na kwa kuwa hapakuwa na meza, akaenda na kikombe. Mwanamume aliyemuua babake alitoka nje kwenye theluji ya karatasi, kikombe mkono huu, biskuti mkono huu, akitembea kwa hatua ndogondogo asije akamwaga.

Hakuna aliyecheka.

"Ametoka na kikombe," alisema Desmond.

"Ndiyo, bwana."

"Kiacheni."

Bata walionyeshwa, lakini kidogo tu. Hata bwawa hawakumaliza.

Taa zilipowashwa, Hilda alikaa kwenye kile kimeza kidogo nyuma ya pazia. Peggy akaja akakaa sakafuni karibu naye.

"Umeipasua," alisema Peggy.

"Nimeipasua."

"Na ule mstari wako?"

"Nimeumeza, Peggy. Nimeula. Sitahitaji chakula cha jioni."

Desmond alishuka ngazi mbilimbili. Akasimama mbele yake, akanyoosha kidole, akakishusha. "Nilikuwa nimeshakufukuza," alisema. "Nilikufukuza ulipotia maziwa. Sasa simu zinalia, mama, watu wanataka kujua yule mtumishi ni nani. Mmoja anasema alishakuona duka la samaki."

"La Bury," alisema Hilda.

"Alhamisi tunaucheza tena hewani, maana kila mchezo huchezwa mara mbili. Utafanya hivihivi?"

Simu ya ukutani iliita, na Stan akamwambia Hilda ni yake. Alikuwa Wilf, anapigia kwenye kibanda cha simu cha kona.

"Hilda, mpenzi, ulikuwa mzuri sana."

"Uliniona?"

"Nilikuona ukiingia na chai. Halafu Hargreaves akaipiga televisheni."

"Na baadaye?"

"Akaipiga tena. Ikaanguka nyuma ya kabati. Tulikuwa watu kumi na tano sebuleni, hakuna aliyesikia neno. Lakini ulivyotia ile chai, Hilda, watu walipiga makofi."

Hilda aliweka simu huku akicheka na machozi yanamtoka, yote pamoja. Na alipogeuka, Bwana Ludlow alikuwa amesimama nyuma yake, kofia mkononi, anamtazama mdomo.

"Bi Openshaw," alisema. Alisema kwa sauti ya juu kidogo, kama kawaida yake, kama mtu aliye ng'ambo ya barabara. "Filamu ni ya mwanamke mwenye nyumba ya wageni huko Whitby. Yumo mwanzo, yumo kati, yumo mwisho. Hakuna trei. Kazi ni yako."

Hilda alishika ukuta. "Lakini hotuba sikuisema."

"Niliisoma kabla sijaja. Najua ulichokuwa nacho, na nimeona ulichokitupa." Akaivaa kofia, akaivua tena. "Kuna jambo moja. Mpangaji wa nyumba hiyo ya wageni, mwanamume wa filamu yangu, ni Aubrey Fenwick. Anatia saini kesho asubuhi."

Wakati huohuo Stan, aliyekuwa akikusanya vyombo, aliteleza kwenye theluji ya karatasi. Trei ilimponyoka, ikaenda sakafuni na sahani zake zote. Mlio ulijaa kanisa zima. Peggy aliruka. Desmond aliruka. Daphne, akiwa chumba cha kuvalia, alipiga yowe.

Bwana Ludlow, ambaye trei ilianguka nyuma yake hatua chache tu, hakupepesa hata jicho. Aliendelea kumtazama Hilda mdomo.

Hilda alielewa.

"Husikii," alisema, bila kutoa sauti, kwa midomo tu.

"Tangu vita, mama. Mzinga ulilipuka karibu." Alitabasamu kidogo. "Wenzangu kule juu walisema sauti ilikatika. Mimi sikujua. Kwangu haikatiki. Wewe ulikuwa umenipa mgongo, lakini Aubrey alikuwa ameielekea kamera. Nilimwona akisema, 'Ni tangu Pasaka.' Nikamwona akisema, 'Usimwambie mtu.' Kabla ya hapo, kichwa cha Bi Kerrigan kilinizuia nisione." Akasogea. "Pesa za filamu hii ni za watu, na watu wengi wanaitegemea kazi hiyo. Wewe mwenyewe sasa ni mmoja wao. Niambie ukweli. Ni nini kimempata Aubrey Fenwick tangu Pasaka?"

Hilda alitazama juu ya bega lake.

Kule mlangoni, ndani ya theluji ya karatasi, Aubrey alikuwa bado amesimama. Hakuna aliyekumbuka kumpokea kikombe. Alikuwa ameyasikia yote, maana Bwana Ludlow hajui kunong'ona. Hakutikisa kichwa, hakuomba. Alimtazama Hilda usoni tu, kama alivyoambiwa.

Akisema ukweli, Aubrey amekwisha kesho asubuhi. Akisema uongo, ataibeba filamu nzima mgongoni, neno kwa neno, na siku atakapochoka wataanguka wote wawili na watu wote wa filamu ile.

Bwana Ludlow alisubiri, macho mdomoni kwa Hilda. Mdomo huo haukuwa na pa kujificha.

Hilda akakitoa kile kimeza kidogo nyuma ya pazia. Akaliinua buli, ambalo Stan alikuwa hajalikusanya, na kikombe safi. Lilikuwa bado lina uzito, bado linatoa moshi.

"Chai, Bwana Ludlow?"

Bwana Ludlow alifungua mdomo kukataa. Lakini naye alilelewa na mama. Mkono wake ulinyooka wenyewe, ukapokea kikombe na kisahani.

"Sukari?"

"Vipande viwili," alisema. Akamtazama akitia, mpaka kwenye ukingo. Kisha akainama taratibu, akakiweka kikombe juu ya kile kimeza, bila kumwaga hata tone, akanyooka.

"Asante. Sasa jibu langu, Bi Hilda. Kabla haijapoa."

Jibu la Hilda, wiki ijayo; gazeti lisifungiwe vitumbua.